Masika Waliyomwondoa Bi Halo

Jumatatu, 3 Machi

Mvua imeanza leo saa tisa alasiri, katikati ya kikao. Ilipiga bati la ukumbi mpaka wajumbe wakawa wanatazamana midomo tu, kila mmoja akijifanya amesikia. Mimi ni karani wa Baraza. Kazi yangu ni kuandika kumbukumbu za vikao, na kwenye kumbukumbu huingia kile kilichoamuliwa, basi. Leo hakikuamuliwa kitu, kwa hiyo kwa kitabu cha ofisi siku hii haikuwepo. Nimenunua daftari hili ili iwepo mahali.

Niseme mapema: Kiongozi wa Baraza ni shemeji yangu, dada mkubwa wa mke wangu. Ofisini namwita Mheshimiwa. Nyumbani namwita Shemeji, naye huingia jikoni bila hodi na kufunua masufuria. Kisiwa kizima kinamwita Bi Halo, maana kwa miaka ishirini na miwili alikuwa opereta wa simu. Ulikuwa ukinyanyua mkono wa simu unasikia, "Halo, nikupe nani?" Ndiye huyo. Mitambo ya kujiendesha ilipokuja akaambiwa asante, nenda nyumbani. Akakaa nyumbani wiki moja. Ya pili akachukua fomu ya kugombea. Alishindwa mara mbili, ya tatu akapita, na miaka minne baadaye wajumbe wenzake wakampa uongozi. Watu husema alipita kwa sababu anajua siri za kila mtu. Mke wangu husema alipita kwa sababu hakuna aliyewahi kusikia hata moja ikimtoka.

Watu wanadhani nafaidika. Kiti changu cha ofisini kina mguu mbovu tangu mwaka jana. Nilipomtajia alinijibu, "Peleka maombi kama wenzako, Shemeji."

Ijumaa, 7 Machi

Mvua. Mlango wa mbele hapa nyumbani umegoma kufungika. Mbao zimevimba. Nimeupiga randa.

Jumanne, 11 Machi

Mvua. Kikao kimekwenda na Mwalimu, kama kawaida. Huyu ni mwalimu mkuu mstaafu, kiongozi wa upande wa pili, na nusu ya kisiwa amewafundisha yeye. Akisimama kuzungumza, hata wanaompinga hukaa wima. Amesema dakika arobaini kuhusu taa za gati. Mheshimiwa amemjibu kwa sentensi mbili. Kusema kweli nilipenda zaidi zile dakika arobaini.

Jumamosi, 15 Machi

Mlango tena. Nimeupiga randa tena. Mke wangu anasema nikiendelea hivi tutabaki na bawaba.

Jumatano, 19 Machi

Mhandisi wa barabara aliingia ofisini asubuhi akiwa na matope mpaka magotini, akaomba kumwona Mheshimiwa bila miadi. Ni binti mdogo, miaka ishirini na saba hivi, ana mwaka mmoja tu kazini. Niliitwa kuandika.

Alisema juu ya mtaa wa mlimani, nyuma ya tangi la maji, kuna ufa ardhini. Amechomeka vigingi pande zote mbili. Siku sita zilizopita ufa ulikuwa vidole viwili, leo vitano. Na chemchemi iliyo chini ya mtaa, ambayo miaka yote hutoa maji safi, sasa inatoa maji mekundu.

"Maana yake nini?" Mheshimiwa akauliza.

"Maana yake mlima unatembea, Mheshimiwa."

"Utafika lini?"

"Sijui. Unaweza kuanguka kesho. Unaweza kukaa hivyo miaka kumi."

Nilitegemea amfokee, au aagize tume, au apige simu kwa Serikali Kuu huko ng'ambo. Alimwuliza maswali kwa saa nzima. Nyumba ngapi? Hamsini na mbili. Watu wangapi? Zaidi ya mia tatu. Mwishoni akamwuliza, "Ungekuwa na mtoto, ungemlaza kule leo?"

Yule binti akajifuta tope gotini. Akasema, "Hapana."

"Basi tumemaliza," Mheshimiwa akasema, akavua miwani.

Nilirudi nyumbani nimekasirika. Mtaa wa mlimani ndio mtaa wangu. Nyumba yangu nimeijenga miaka kumi na moja, chumba kwa chumba, na jirani zangu wote wamejenga hivyo hivyo. Eti mlima unatembea.

Jumatatu, 24 Machi

Siku hizi tano Mheshimiwa alikuwa akitafuta pa kuwalaza watu; leo amekuja nyumbani kwangu kabla ya kwenda kwa mtu yeyote. Ilikuwa asubuhi, mke wangu anamimina chai.

"Shemeji, mlango wako unafungika?"

"Mbao zimevimba. Ni mvua."

Hakubishana. Akainama kwenye kapu la viazi, akachagua kimoja cha mviringo, akakiweka katikati ya sebule. Kikakaa kidogo kama kinafikiri, halafu kikaanza kubingirika taratibu kuelekea upande wa bonde mpaka kikagonga ukuta.

"Sakafu hii si ulipima?"

"Nilipima."

"Najua. Nilikuwa nimekushikia pima maji mwenyewe. Ilikuwa sawasawa kabisa."

Mke wangu akaweka birika chini. "Dada, ina maana unatutoa sisi kwanza?"

"Ninyi kwanza."

"Ili watu waseme nini?"

"Nikianza na jirani yako, watasema namwonea. Nikianza na wewe, watasema nimechanganyikiwa. Afadhali hilo la pili."

Nilisema maneno ambayo sitayaandika. Nilimwambia opereta wa simu hawezi kujua habari za udongo. Alinisikiliza mpaka nikaishiwa, kisha akasema, "Umemaliza? Haya, kitanda kinatokaje kwenye mlango huu? Tuufungue kwanza?" Akaenda kutafuta bisibisi kwenye droo yangu, na aliijua droo.

Kufikia saa kumi na moja jioni familia hamsini na mbili zilikuwa zimeshuka. Nusu shuleni, nusu hapa kwenye jengo la Baraza. Sisi tumepewa stoo ya majalada. Nalala na kumbukumbu za miaka thelathini zikinitazama kutoka kwenye rafu.

Alhamisi, 27 Machi

Mvua kubwa. Ufa vidole sita.

Ijumaa, 28 Machi

Jua.

Jumatatu, 31 Machi

Jua. Kinyozi wa mtaani kwetu amefungua kazi ukumbini, kiti kimoja chini ya picha za viongozi waliotangulia. Wajumbe wawili wamenyolewa kabla ya kikao. Anasema hajawahi kupata wateja wazito kiasi hiki, ila anatamani kioo chake kikubwa, amekiacha juu.

Jumatano, 2 Aprili

Jua. Vidole sita vilevile.

Ijumaa, 4 Aprili

Jua kali, udongo umekauka mpaka unapeperuka. Watu wamechoka. Kina mama wanapikia uani kwa zamu, wanagombana kwa ajili ya kamba za kuanikia nguo, na mtaa mzima unatutazama kwenda msalani. Leo nimemsikia mwanamume akimwambia mwenzake, kwa sauti ya kusikika, kwamba shemeji wa mtu fulani amelala stoo lakini mshahara unaingia.

Wahuni wameanza kupiga simu ofisini. "Halo, Bi Halo! Mlima umeshaanguka?" Nilitaka kukata. Amenikataza. Simu zote anapokea mwenyewe, na kila mmoja anamjibu kwa sauti ileile ya zamani, "Bado. Kuna mwingine unayetaka nikupe?" Nimehesabu kumi na saba kabla ya chakula cha mchana. Ya kumi na nane alikuwa bibi mmoja aliyetaka kweli kuunganishwa na hospitali, naye akamwunganisha.

Jumatatu, 7 Aprili

Jua. Siku mbaya.

Mwalimu ameleta hoja ya kutokuwa na imani na Kiongozi wa Baraza. Ameileta mwenyewe, mkononi, na ilikuwa saa kumi na moja kasoro dakika tano; ofisi hufungwa saa kumi na moja. Akaniamkia kwa adabu, akanipa karatasi, akaondoka kabla sijamgongea nakala yake. Kikao cha mwisho cha muhula huu ni Jumatatu ijayo. Kanuni inataka hoja ikae siku saba kamili tangu kugongwa muhuri. Ikigongwa leo, itapigiwa kura Jumatatu. Ikigongwa kesho asubuhi, itasubiri muhula ujao, miezi mitatu, na masika yatakuwa yameisha.

Nikakaa na ile karatasi. Dakika tano tu. Ningeweza kusema nilikuwa nimeshafunga droo. Hakuna ambaye angeuliza, na hata kama angeuliza, saa yangu na yake nani anajua ipi ni sahihi?

Mheshimiwa akatoka ofisini kwake amebeba mkoba. Akaona karatasi, akaisoma akiwa amesimama.

"Imekuja saa ngapi?"

Nikajifanya natafuta wino.

"Shemeji, nimekuuliza saa."

"Kumi na moja kasoro tano."

"Na sasa?"

"Kasoro moja."

"Basi gonga muhuri. Unasubiri nini?"

"Utaondoka, Mheshimiwa. Wana kura sita. Na hawa watu watarudishwa juu."

Hapo akaweka mkoba chini. Niliona ameumia, si kwa ajili ya kiti. "Wakirudishwa, nitapanda nikawaombe mmoja mmoja washuke. Lakini nikiiba siku moja, nani atanisikiliza? Wataniambia hata ufa niliupima kwa ujanja. Gonga."

Nikagonga. Muhuri ukakaa upande. Akasema, "Haisomeki, gonga tena pembeni," akaondoka.

Nimefanya kazi chini ya viongozi wanne. Wawili kati yao wangeniletea zawadi kwa dakika moja ile.

Jumamosi, 12 Aprili

Mawingu.

Jumatatu, 14 Aprili

Mvua imerudi asubuhi, nyembamba. Imechelewa kwa mtu mmoja.

Ukumbi ulijaa. Mwalimu alisema vizuri kuliko nilivyowahi kumsikia. Alisema watu mia tatu wameondolewa kwenye nyumba walizojenga kwa jasho lao, kwa vigingi na utepe wa binti mwenye mwaka mmoja kazini, na kwamba jua limewaka wiki mbili. Alisema uongozi ni kujua tofauti ya hofu na hatari. Watu walipiga makofi, na miongoni mwao walikuwemo jirani zangu.

Mheshimiwa alisimama kwa muda mfupi sana. "Yote aliyosema Mwalimu ni kweli. Nyumba ni zao, jasho ni lao, jua limewaka. Na ufa upo. Nimemaliza."

Sita kwa watano. Kura ya sita ilikuwa ya mshonaji, mjumbe wa mtaa wetu, rafiki yake tangu utotoni. Alinyoosha mkono huku analia. Baada ya kikao nilimwona Bi Halo akimfuata kwenye korido. Nikadhani sasa tutasikia. Akamshika bega, akamwambia, "Watu wako walikutuma, umewafikishia. Futa machozi, una wageni kule uani hawana kuni kavu."

Kisha akarudisha funguo mezani kwangu, moja moja, akizitaja kila moja ni ya mlango gani.

Jumatano, 16 Aprili

Jana Mwalimu aliapishwa. Amri yake ya kwanza: familia zote zirudi nyumbani kuanzia kesho, Alhamisi. Mvua inanyesha bila kukoma. Leo saa nane mchana nilipeleka amri nyumbani kwake aitie saini. Getini nikamkuta Bi Halo amesimama, hana mwavuli, amejifunika mfuko wa nailoni kichwani.

Mwalimu akatoka barazani. "Mheshimiwa," akasema, kwa mazoea. Kisha akajisahihisha, "Dada. Ingia, unalowa."

"Siingii, Mwalimu. Nimekuja kukuomba nusu saa. Twende juu ukatazame kwa macho yako. Ukirudi, sitakuomba kitu kingine."

"Nimesoma ripoti."

"Ripoti haina matope."

Mwalimu akautazama mlima. Ana miaka sitini na nane na goti baya. Lakini amekuwa mwalimu maisha yake yote, na nadhani hawezi kukataa mtu anapomwambia njoo uone. Akachukua mwavuli wake mrefu wa mpini wa mbao, tukapanda, mimi nyuma na karatasi zangu ndani ya shati.

Nyuma ya tangi hakukuwa na vidole vya kupima tena. Vigingi vya mhandisi vilikuwa vimeachana mbali, kimoja kimeinama kama mtu aliyesinzia. Mwalimu akakunja mwavuli, akauingiza kwenye ufa. Ukazama. Akausukuma mpaka mpini, na mkono wake ukaingia mpaka kiwiko. Akabaki hivyo amepiga magoti, mvua inampiga kisogoni.

"Kwa nini hukunileta huku mwezi uliopita?"

"Nilikuandikia barua tatu."

"Nilidhani ni siasa."

"Kosa ni langu. Ningekuja mwenyewe kama leo."

Mwalimu akasimama kwa taabu. Bi Halo akampa bega. "Nikifuta amri hii," akasema Mwalimu, "kesho watu watasema wewe ndiye uliyekuwa sahihi, na mimi nimekuondoa bure."

"Waambie umepanda ukapima mwenyewe. Si uongo, umepima. Mimi usinitaje."

Tulishuka. Barazani kwake alinyoosha mkono, nikampa amri. Akaipasua vipande viwili, kisha vinne, akaniuliza kama nina karatasi safi.

Nimemwangalia huyu mwanamke miaka ishirini na mitatu, tangu nilipoposa kwao. Sijui nilikuwa naangalia nini.

Alhamisi, 17 Aprili

Mvua. Hakuna aliyerudi juu. Manung'uniko mengi, sasa dhidi ya Mwalimu.

Jumamosi, 19 Aprili

Mlima umeanguka.

Ilikuwa saa tatu na nusu asubuhi. Nilikuwa uani nasubiri zamu ya maji. Nikasikia sauti kama malori mengi yanamwaga kokoto kwa pamoja, haikatiki, na ardhi ikanitetemesha meno. Tulipotazama juu, tangi la maji lilikuwa linasafiri limesimama wima, kama mtu anayetembea, halafu likalala. Baada yake hatukuona kitu, vumbi na mvua vimechanganyika.

Watu walipiga mayowe, wakaanza kukimbilia huko huko juu. Kila mmoja alikuwa anamtafuta mtu wake. Familia za shuleni zilikuja mbio zikachanganyika na za hapa, watoto wamekwenda kucheza upande wa pili, na orodha yangu ilikuwa ya wakuu wa kaya tu. Mwalimu alikuwa anapaza sauti bila kusikika.

Bi Halo akapanda kwenye benchi la pale uani. Hakupiga kelele. Alitumia ile sauti.

"Halo! Mbili-sifuri-moja!"

Watu wakageuka. Ilikuwa namba ya simu ya enzi zile. Mzee mmoja akajibu kabla hajafikiri, "Tupo! Watu sita!"

"Mbili-sifuri-mbili!"

"Tupo! Wanne, mmoja yuko shuleni, nimemwona!"

Alikwenda hivyo nyumba kwa nyumba, kuanzia chini ya mlima kwenda juu, bila karatasi. Wale waliojenga baada ya mitambo kubadilika hawakuwa na namba, akawaita kwa jirani: "Nyuma ya mbili-moja-tano, wenye mbuzi!" Watu waliacha kukimbia. Walisimama wakasubiri zamu yao, wengine wanalia huku wanajibu. Nilipoitwa mimi, mbili-mbili-nane, akajibu mke wangu.

"Mbili-tatu-moja!"

Kimya.

"Mbili-tatu-moja!"

Ilikuwa namba ya kinyozi. Mtu akasema alimwona asubuhi akipanda kufuata kioo chake. Mhandisi na wanaume wanane wakapandia upande wa magharibi, ambako ardhi ilikuwa imara. Wamempata saa sita kasoro robo, kwenye mtaro wa barabara, paja limevunjika, amekumbatia kioo. Kioo hakina hata mkwaruzo. Alipopitishwa kwenye machela alimwambia Bi Halo, "Samahani, laini ilikuwa mbovu."

Nyumba arobaini na moja zimekwenda. Watu mia tatu na kumi na wawili, wote wapo.

Jioni, kabla giza halijaingia, nilikwenda kutazama. Nyumba yangu ilipokuwa, kuna udongo mwekundu, laini, kama hajawahi kujenga mtu. Mke wangu alinishika mkono. Tulisimama mpaka tukalowa, tukarudi stoo.

Jumatatu, 21 Aprili

Redio imemsifu Mwalimu tangu asubuhi: kiongozi aliyepanda mlima kwa miguu yake na kufuta amri yake mwenyewe. Nikamwambia Bi Halo nakwenda redioni nikaseme. Alikuwa anagawa mablanketi.

"Ukaseme nini? Kwamba hakupanda?"

"Kwamba ni wewe!"

"Shemeji, shika upande huu wa blanketi tulikunje."

Jumatano, 23 Aprili

Kikao cha dharura. Mwalimu alisimama, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue hakuwa amejiandaa. Alisema, "Nimefundisha watoto miaka thelathini na tano wasinakili kazi ya wenzao. Kazi hii si yangu." Akaeleza yote: barua tatu, geti, mwavuli. Kisha akavua beji ya uongozi, akaiweka mezani, akapendekeza Bi Halo arudishiwe kiti leo hii. Mshonaji aliunga mkono kabla hajamaliza. Mikono kumi ikawa juu.

Bi Halo alikuwa amekaa kiti cha mjumbe wa kawaida, karibu na dirisha. Akasimama.

"Nashukuru. Lakini watu mia tatu hawana paa. Tukianza leo kubadilishana viti, kuapishana na kukabidhiana funguo, tutamaliza mwezi wa sita. Mwalimu, vaa beji yako. Wewe unajua kusema, na Serikali Kuu wanapenda mtu wa kusema. Mimi nipeni kamati ya ujenzi na yule mhandisi."

Mwalimu aliivaa beji kwa mikono miwili kama anavaa miwani ya mtu mwingine.

Nimeandika kwenye kumbukumbu: Imeamuliwa kwamba kamati ya ujenzi iundwe. Ndivyo kanuni inavyotaka. Nilipofika hapo niliinua kalamu, nikamtazama, na nikajua kwamba sijawahi kumwona mtu mkubwa kwa karibu namna hii.

Jumapili, 4 Mei

Wiki nzima bila mvua. Viwanja vimepimwa kwenye tambarare karibu na shule, na leo ilikuwa zamu yetu. Mhandisi alikuwa ameshapiga vigingi vya pembe nne. Mke wangu na dada yake walishagombana kuhusu jiko, litazame mashariki au magharibi, na mke wangu amekwenda kuchukua maji akiwa amenuna. Tukabaki wawili, Bi Halo ameshika mwisho mmoja wa utepe, mimi mwingine.

"Shemeji," nikasema, "kuna jambo."

"Sema."

"Sijawahi kukupigia kura."

Alikuwa anasoma namba kwenye utepe, hakuinua kichwa. "Hata mara ile ya tatu?"

"Hata ya tatu. Nilimpa yule mwenye teksi."

"Yule? Alikuwa hajui hata kusoma ilani yake mwenyewe!" Akacheka mpaka akashika kiuno. "Na mdogo wangu?"

"Yeye mara zote tatu."

"Basi nyumba yenu ilinipa nusu. Kuna mitaa haikunipa robo." Akanitazama sasa. "Na kwa nini unaniambia leo?"

"Kwa sababu uchaguzi ujao nitakupigia."

"Nikigombea."

"Utagombea."

Alirudi nyuma hatua moja, akapiga goti penye kigingi, akavuta upande wake.

"Utepe umelegea, Shemeji. Kaza, tujue chumba kinaishia wapi."

Nikakaza.